Kuigiza mbele ya kamera si uongo, na kibali si dawa

Ndugu Mhariri,

Dokumentari ikizua ubishi siku hizi, ubishi huishia kwenye swali moja: tukio lilipigwa picha likitokea lenyewe, au lilipangwa? Mtazamaji akisikia kwamba mama aliyeonekana akichota maji kisimani aliombwa achote mara ya pili, filamu nzima inaitwa ya uongo. Hapo hakosekani wa kuuliza bodi ya ukaguzi wa filamu ilikuwa wapi mpaka ikairuhusu. Masuala haya mawili, la kuigiza na la kibali, yalichambuliwa kwa miaka mingi na msomi wa Uingereza Brian Winston, aliyefariki mwaka 2022. Hoja zake zingewasaidia sana wanaoandika kuhusu filamu kwa Kiswahili.

Winston aliijua kazi yenyewe. Alisoma sheria Oxford, mwaka 1963 akaanza kazi katika kampuni ya televisheni ya Granada, katika kipindi cha uchunguzi cha World in Action, na mwaka 1985 akapata tuzo ya Emmy kwa uandishi wa dokumentari ya televisheni. Katikati ya miaka ya 1970 alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Glasgow University Media Group, kundi lililorekodi taarifa za habari na kuzipima neno kwa neno ili kuona migomo ya wafanyakazi inaripotiwaje. Baadaye alikuwa profesa katika Chuo Kikuu cha Lincoln. Ni mwanasheria, mtengenezaji na mwanahistoria katika mtu mmoja, na ndiyo maana hoja zake hazimpendezi kikamilifu yeyote kati ya hao watatu.

Kitabu chake cha Claiming the Real (1995) kinaanzia mbali. Mwaka 1839 François Arago aliutetea uvumbuzi wa Daguerre wa kupiga picha mbele ya Bunge la Ufaransa, akauonyesha kuwa ni chombo cha sayansi. Tangu siku hizo picha ikabeba heshima ya ushahidi, na dokumentari ikairithi heshima hiyo bila kuilipia. Winston anasema hapo ndipo tatizo lilipozaliwa, kwa kuwa watengenezaji wa mwanzo walipanga mambo waziwazi na hawakuona aibu. Robert Flaherty, kwa filamu yake ya mwaka 1922 kuhusu Wainuiti wa Kanada, alijengewa nusu ya nyumba ya theluji, wazi upande mmoja, kwa sababu ndani ya nyumba kamili mwanga haukutosha kwa kamera. Familia ikajifanya imelala huku baridi ikiwapiga. Mhusika mkuu, aliyeitwa Allakariallak, aliwinda kwa chusa mbele ya kamera wakati watu wake walishakuwa na bunduki. Mwaka 1936 kitengo cha filamu cha Posta ya Uingereza kilipotengeneza Night Mail, kuhusu treni ya barua ya kwenda Scotland, behewa la kuchambulia barua lilijengwa studio. Kamera ya milimita 35, taa na mitambo ya sauti ya wakati huo havikufaa kwenye behewa linalotikisika. Wachambuzi walikuwa wafanyakazi halisi wa posta, wakafanya kazi yao halisi, ila waliambiwa wayumbeyumbe ili ionekane treni inakwenda.

Je, huo ni uongo? Kwa Winston jibu hutegemea ngazi ya uingiliaji. Ngazi ya chini kabisa ni kuomba ruhusa, maana hata hilo hubadili mwenendo wa mtu. Juu yake kuna kumwambia asubiri kidogo, au arudie alichofanya. Halafu kuna kuigiza upya jambo ambalo mtengenezaji mwenyewe alilishuhudia, kisha jambo lililotokea bila yeye kuwapo lakini lina mashahidi. Ukipanda zaidi unakuta kuigiza jambo la kawaida ambalo huwatokea watu wa aina hiyo, na mwishoni jambo linaloweza tu kutokea. Behewa la posta liko katikati. Mama wa kisimani yuko karibu na chini, na anayemwita mwongo amemwonea.

Kilichovuruga mambo ni teknolojia ya miaka ya 1960. Timu ya mtengenezaji wa Marekani Robert Drew ilipofuata kura za mchujo za urais huko Wisconsin mwaka 1960 ilikuwa na kamera za milimita 16 za kubebwa begani na vinasa sauti vya tepu vya kubebeka. Kasha la futi 400 za filamu lilitosha kama dakika 11 tu, na kazi kubwa ilikuwa kuhakikisha tepu na kamera vinakwenda kwa kasi moja. Tofauti ndogo tu ya kasi, na kufikia mwisho wa kasha midomo ya msemaji imeachana na maneno yake. Tatizo hilo lilipotatuliwa, ufumbuzi ukaja na masharti: usiombe, usirudie, usiulize, wewe ni nzi ukutani. Winston aliyaona masharti hayo kuwa mtego. Yalimwahidi mtazamaji kitu ambacho hakuna mhariri wa filamu anayeweza kukitimiza, kwani anayekata saa 40 za picha abaki na saa moja ameshaingilia, hata kama hakumwambia mtu neno.

Mtego ulinasa Uingereza mwaka 1998. Gazeti la Guardian lilifichua kwamba dokumentari ya kampuni ya Carlton, iliyorushwa mwaka 1996 ikidai kufuatilia njia mpya ya heroini kutoka Colombia hadi London, ilikuwa na mambo ya kubuni. Mahojiano yaliyodaiwa kufanyika kwenye maficho ya kigogo wa dawa za kulevya yalifanyika katika chumba cha hoteli cha mtayarishaji. Mdhibiti wa televisheni, ITC, akaitoza Carlton faini ya pauni milioni 2. Winston alilijadili sakata hilo katika Lies, Damn Lies and Documentaries (2000). Hakuitetea kampuni. Alichouliza ni kwa nini gazeti likichapisha uzushi halina mdhibiti wa serikali wa kulitoza mamilioni, ilhali televisheni inaye, na kwa nini baada ya hapo kila mtu aliyeombwa apite mlangoni mara ya pili akageuka kashfa. Udanganyifu wa hotelini na ombi la kurudia vilitiwa kapu moja.

Hoja yake nzito zaidi iko kwingine, na ndiyo inayotuhusu. Anasema deni kubwa la mtengenezaji ni kwa mtu aliyepigwa picha kwanza, ndipo kwa mtazamaji. Mtazamaji anaweza kuzima televisheni, lakini aliyepigwa picha hawezi kuizima sura yake. Mfano wake ni filamu ya mwaka 1935 kuhusu mitaa ya mabanda ya London, ambamo wakazi waliongea wenyewe mbele ya kamera kuhusu panya, kunguni na kuta zinazobomoka. Ilisifiwa sana. Aliyelipa gharama alikuwa chama cha kampuni za gesi, na nyumba mpya zilizoonyeshwa kama suluhisho zilikuwa za kutumia gesi. Wakazi wakabaki waathirika wa kuhurumiwa, na Winston akaona kwamba nusu karne baadaye televisheni bado ilikuwa inatengeneza filamu ile ile, kwa waathirika wengine, na nyumba bado mbovu.

Hapa kwetu mapokeo hayo yana anwani. Kuanzia mwaka huo huo wa 1935 hadi 1937, Vugiri katika milima ya Usambara, L. A. Notcutt na G. C. Latham waliendesha mradi wa filamu za kuelimisha Waafrika kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Zilitengenezwa filamu 35, za minyoo ya safura, mmomonyoko wa udongo, soko la kahawa, benki ya akiba ya posta, na waigizaji walikuwa wenyeji. Kamera ilikuwa ya milimita 16 isiyonasa sauti, na maneno yaliwekwa kwenye santuri. Sababu ni gharama na lugha: picha ni moja, unabadilisha santuri tu, leo Kiswahili, kesho lugha nyingine. Kasoro ya mpango kama huo inajulikana kwa yeyote aliyewahi kuoanisha sauti na picha. Sindano ikiruka, au filamu ikikatika na kuungwa ikapungua fremu kadhaa, maelezo ya minyoo yanaangukia picha ya choo kilichokwisha kujengwa. Lakini kasoro ya ndani zaidi ni ile ya London: aliyelipa ndiye aliyejua tatizo ni nini na dawa ni ipi. Filamu nyingi za miradi zinazotengenezwa leo vijijini zina umbo hilo hilo, ila santuri imeondoka na nembo ya mfadhili imebaki.

Sasa kibali. Katika vitabu vyake kuhusu uhuru wa kujieleza, kikiwamo A Right to Offend (2012), Winston anaonyesha kwamba uhuru wa magazeti haukuhamia wenyewe kwenye vyombo vipya. England iliacha kuwapa wachapishaji leseni mwaka 1695. Jukwaa la maigizo liliendelea kukaguliwa hadi 1968. Sinema iliingia kwa mlango wa zimamoto. Filamu za naitreti ziliwaka kirahisi, sheria ya mwaka 1909 ikazipa halmashauri mamlaka ya kutoa leseni kwa majumba ya sinema kwa ajili ya usalama, halmashauri zikaitumia kuamua nini kionyeshwe, na mwaka 1912 wenye sinema wakajiundia bodi ya ukaguzi ili wapumue. Marekani nako Mahakama ya Juu ilisema mwaka 1915 kwamba filamu ni biashara tupu na haina kinga ya katiba. Msimamo huo uliondolewa mwaka 1952.

Sisi tuliupokea mfumo huo ukiwa mzima. Tanzania ina Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976, Kenya ina sheria kama hiyo, Sura ya 222 ya sheria zake, na zote mbili zinataka idhini kabla. Tazama inavyofanya kazi: kibali huombwa wakati mtengenezaji hajajua atakuta nini, kwa hiyo anaandika muhtasari usio na hatari, na dokumentari inazaliwa ikiwa imeshakatwa. Winston anatofautisha madhara na kuudhika. Madhara yathibitishwe mahakamani baada ya kutokea, na kuudhika peke yake kusimfunge mtu mdomo. Mahakama zetu zimeanza kuelekea huko. Februari 2017 Mahakama Kuu ya Kenya ilifuta kosa la jinai la kashfa, ikaona madai ya fidia yanatosha. Machi 2019 Mahakama ya Afrika Mashariki ilikuta vifungu kadhaa vya Sheria ya Huduma za Habari ya Tanzania ya mwaka 2016 vinakiuka Mkataba wa Jumuiya. Filamu bado imeachwa nyuma.

Nisimsifu Winston kupita kiasi. Dawa yake ya kwenda mahakamani inamfaa mwenye wakili. Mkulima wa Kilosa aliyeonyeshwa kama mvivu katika filamu iliyorushwa mtandaoni kutoka Ulaya hana pa kushitaki. Winston mwenyewe alijua ridhaa ya anayepigwa picha ina mashimo, na alirejea mara nyingi kwenye filamu ya Frederick Wiseman ya mwaka 1967, iliyopigwa katika hospitali ya wafungwa wagonjwa wa akili huko Bridgewater, jimbo la Massachusetts, Marekani. Mahakama za jimbo hilo ziliizuia kuonyeshwa kwa umma hadi 1991 kwa jina la faragha ya wagonjwa, na aliyefaidika na faragha hiyo alikuwa serikali iliyokuwa ikiwatesa.

Kwa hiyo kazi inabaki kwenye ridhaa, na huko ndiko uzembe ulikojaa. Fomu ya kawaida hutolewa mahojiano yakishakwisha, pamoja na posho, kwa Kiingereza, ikitaja matumizi yote, vyombo vyote, milele. Aliyesaini hakuridhia kitu, amepokea posho. Ridhaa yenye maana hurekodiwa kabla, kwa lugha anayoongea mhusika nyumbani, na anatajiwa nani analipa, itaonyeshwa wapi, na kwamba vipande vyake vinaweza kuzunguka kwenye simu bila mtu kuvizuia. Apewe nakala. Aambiwe tarehe ambayo mpaka siku hiyo anaweza kujitoa, nayo iwe baada ya kuonyeshwa sehemu yake ikiwa haijafungwa uhariri. Mtoto aulizwe mwenyewe pia, si mzazi tu. Upande wa mtazamaji, mhariri aweke daftari la matukio yaliyorudiwa na yaliyoigizwa. Maandishi kwenye skrini yanahitajika pale tu ambapo kutojua kutampotosha mtu kuhusu jambo lenyewe: siku mbili zilizounganishwa zikaonekana moja wakati wa ghasia, ndiyo, mama wa kisimani, hapana.

Anayetaka kuanza kumsoma aanze na kile cha mwaka 2000, kwa kuwa Claiming the Real kinadhani msomaji ameshaziona filamu anazozitaja. Na ninyi, Mhariri, mnapochapisha uhakiki wa dokumentari, tajeni aliyelipa, lugha waliyohojiwa watu, na kama wahusika walioneshwa kazi kabla haijatoka. Mistari mitatu inatosha, chini ya jina la mwongozaji.

Mwalimu wa uandishi wa habari,
Morogoro