Barua kwa Mama Neema kuhusu taaluma ya dini

Tanga,
14 Agosti

Mpendwa Mama Neema,

Salamu nyingi kwako, kwa shemeji na kwa watoto wote. Sisi huku ni wazima, tunamshukuru Mungu.

Barua yako niliipata na kuisoma kwa makini, kwa kuwa jambo unaloniuliza ndilo nililolifundisha kwa sehemu kubwa ya maisha yangu. Unasema mwanetu Neema anataka kusomea taaluma ya dini chuo kikuu, na nyumbani mnajiuliza maana yake ni nini. Kama anataka kulitumikia kanisa, si aende chuo cha teolojia? Na kama hataki, kwa nini asichukue historia, fasihi au isimu, ambazo kila mtu anazijua?

Niruhusu nikujibu kwa mfano wa tafsiri za Kurani kwa Kiswahili. Tafsiri kamili ya kwanza ilichapishwa mwaka 1923, na aliyeifanya hakuwa Mwislamu. Alikuwa Godfrey Dale, kasisi wa Kianglikana wa UMCA, misheni ya vyuo vikuu vya Uingereza, kule Unguja, aliyetaka walimu na makasisi wa misheni wajue majirani zao wanasoma nini. Mwaka 1953 Waahmadiyya, wafuasi wa kundi lililoanzia India ambalo Waislamu wengi hawalikubali, walitoa ya kwao Nairobi, chini ya Sheikh Mubarak Ahmad, na miongoni mwa walioshiriki alikuwamo Kaluta Amri Abedi, yule mshairi aliyekuja kuwa meya wa Dar es Salaam. Tafsiri kamili ya Sheikh Abdullah Saleh Farsy, mzaliwa wa Unguja na wakati huo Kadhi Mkuu wa Kenya, ilitoka mwaka 1969, na ndani yake anawajibu Waahmadiyya waziwazi. Kisha mwaka 1995 ikatoka ya Sheikh Ali Muhsin Barwani, mwanasiasa wa Zanzibar aliyefungwa baada ya Mapinduzi ya 1964 na kuishia uhamishoni Arabuni.

Mwanahistoria akipewa vitabu hivi vinne ataona ndani yake misheni, ukoloni na mapinduzi. Mwanaisimu atachunguza Kiswahili chake, kipi kimeelemea Kiarabu na kipi kimefuata lugha ya watu wa bara. Wote wawili watafanya kazi ya maana, na bila wao hatufiki popote. Hata hivyo yapo maswali ambayo hayatawahusu. Kwa Mwislamu, Kurani ni yale maneno ya Kiarabu yenyewe, yanayosomwa kwa tajwidi, yaani kwa kanuni za matamshi yake, hata na bibi asiyejua Kiarabu, na tafsiri ni maelezo ya maana tu, haisaliwi. Sasa kijana aliyesoma tafsiri peke yake chumbani, bila kukaa mbele ya mwalimu wa chuo cha Kurani, anapopata ujasiri wa kumhoji sheikh wake, ni nini kimebadilika katika dini hiyo, ilhali hakuna aya hata moja iliyobadilika? Kwa nini Sheikh Farsy aliona ni wajibu wake kubishana ndani ya tafsiri yenyewe, wala si katika kitabu kingine? Maswali hayo yanamtaka mtu aliyejifunza kuielewa imani jinsi wenyewe wanavyoielewa, na wakati huohuo awe na uhuru wa kuuliza yale ambayo wenyewe hawana haja ya kuyauliza. Huyo ndiye msomi wa dini, na ndiyo maana mahali pake ni katika insia, yaani taaluma zinazochunguza maisha na mawazo ya binadamu, pamoja na wanahistoria na wanafasihi.

Teolojia ni kazi ya heshima, lakini husemwa kutoka ndani ya imani na kwa ajili ya wanaoishiriki. Max Müller, Mjerumani aliyefundisha Oxford, alisema katika mihadhara yake ya mwaka 1870 kwamba anayejua dini moja hajui hata moja. Kwangu mimi kauli hiyo ni kali mno, kwa sababu mama anayesali rozari kila jioni anajua jambo ambalo Müller hakulijua. Ila kwa chuo kikuu ni kanuni nzuri.

Usidhani kwamba haya ni ya Ulaya tu. John Mbiti, Mkenya na kasisi wa Kianglikana, alifundisha Makerere kuanzia 1964 hadi 1974, akakusanya mawazo kuhusu Mungu kutoka kwa jamii karibu 300 za Afrika, wakati ambapo wengi walidai hapakuwa na cha kukusanya. Okot p'Bitek, mshairi Mwacholi, alimpinga yeye na wenzake, akisema kwamba wanaivisha miungu ya Afrika mavazi ya Kigiriki ili ifanane na Mungu wa Wakristo. Nadhani Okot alimwonea Mbiti kidogo, lakini swali lake ni la lazima, na natamani kila mwanafunzi akutane nalo mwaka wa kwanza: je, ninawaelewa watu hawa, au ninawasemesha maneno yangu?

Shemeji anaogopa mtoto atapoteza imani. Mimi nimesoma na kufundisha haya yote na bado nasali swala zangu tano. Nimeona wanafunzi walioyumba na wengine walioimarika, kwa hiyo siwezi kumwahidi lolote, isipokuwa kwamba mwalimu mwema hamdhihaki anayeamini. Kuhusu ajira, wahitimu niliowafundisha wako mashuleni, magazetini na katika mashirika, kama wenzao wa historia.

Ninachokusihi ni kwamba Neema aongeze lugha tangu muhula wa kwanza. Achague Kiarabu akielekea pwani na Uislamu, au Kigiriki akielekea Biblia, kwa sababu baadaye muda huwa haupatikani. Tafsiri ya Dale na ya Farsy ninazo hapa. Akija likizo azichukue, na asianze na aya bali na dibaji.

Nisalimie wote.

Rafiki yako,
Zuhura