Muulizeni majeruhi alikuwa amekaa wapi

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme na madaktari, matabibu na wauguzi wa zamu katika hospitali zetu za Nyanda za Juu Kusini.

Mimi ni mtunza kumbukumbu za afya. Mgonjwa akisharuhusiwa, faili lake huletwa kwangu, nami husoma kilichoandikwa na kukigeuza kuwa misimbo ya Ainisho la Kimataifa la Magonjwa, toleo la 10. Kwa miaka mingi nimesoma mafaili ya watu waliookotwa Mlima Nyoka, Inyala, Iwambi na Mbalizi. Mengi yana maelezo ya ajali yenye herufi tatu tu: RTA. Maana yake ajali ya barabarani, basi. Mtu huyo alikuwa nani katika ajali hiyo, haijulikani.

Mwaka jana alinijia mama mmoja anayetembea kwa magongo mawili. Siku ya ajali alikuwa amekaa kiti cha nyuma cha bajaji, anatoka sokoni na ndoo yake ya nyanya miguuni, lori likawagonga kwa nyuma. Alilazwa wiki nyingi, mguu umevutwa kwa uzito. Sasa alikuwa anafuatilia fidia ya bima, na huko alikokwenda alitakiwa alete uthibitisho kwamba alikuwa abiria. Nikalitoa faili. Ukurasa wa kwanza, kwa wino wa bluu: RTA, paja la kulia limevunjika. Nikapekua kurasa zote, hadi karatasi za dawa na za joto la mwili. Neno bajaji halimo. Lori halimo. Akaniuliza, "Mwanangu, mbona nilipofikishwa nilisema?" Sina shaka kwamba alisema. Hakuna aliyeandika.

Niwaeleze wasomaji kazi hii inavyokwenda, maana wengi hawajawahi kuiona. Majeruhi wa ajali anahitaji misimbo miwili. Wa kwanza unasema mwili umeumia wapi: S72.3 ni kuvunjika mfupa wa paja katikati, S06 ni kuumia ndani ya fuvu. Huo hatukosi, kwa sababu daktari ameandika. Wa pili unaanza na herufi V, nao unaeleza kilichomuumiza. Tarakimu inayofuata V inataja chombo alichopanda: 2 ni pikipiki, 3 ni chombo cha magurudumu matatu, yaani bajaji yetu, 4 ni gari dogo, 5 ni pikapu, 6 ni lori, 7 ni basi. Inayofuata inataja mligongana na nini, na hapo 4 ni lori au basi. Baada ya nukta ndipo inapojulikana kama huyu alikuwa dereva, abiria, mtu aliyening'inia nje au aliyekuwa anapanda au kushuka. Mama yule alistahili V34.6. Ameingia V89.2, kapu la watu walioumia katika ajali ya chombo cha moto kisichotajwa.

Hata tunapopata maelezo, nukta hiyo inataka umakini. Abiria wa bodaboda aliyeumia barabarani ni .5. Abiria wa bajaji, gari dogo au basi ni .6, na kwa vyombo hivyo .5 ni dereva. Kwa hiyo mtu akizoea mafaili ya bodaboda, kisha akaandika V34.5 kwa abiria wa bajaji, amemgeuza abiria kuwa dereva. Nimelikuta kosa hilo zaidi ya mara moja katika kazi za vijana wanaoanza, na kila mara nililigundua kwa kurudi kwenye maneno ya daktari. Pale maneno hayapo, sina pa kurudi.

Konda naye ana mambo yake. Akiwa ndani ya gari anahesabiwa abiria, kwa kuwa si dereva. Akiwa ananing'inia mlangoni, kama tunavyowaona kila asubuhi Mwanjelwa na Kabwe, ni mtu aliye nje ya gari, .7. Aliyepanda nyuma ya pikapu pamoja na magunia ya viazi ni abiria, hata kama sehemu ile ni ya mizigo. Mambo haya siwezi kuyakisia nikiwa nimekaa kwenye chumba cha mafaili.

Uzito wa jambo hili unaonekana zaidi mtu anapofariki. Kwa marehemu wa ajali, msimbo wa V ndio unaohesabiwa kuwa chanzo cha kifo. Ajali ya Changarawe, Mafinga, ya Machi 2015, lori la kontena lilipokutana na basi lililotoka Mbeya na watu zaidi ya 40 wakapoteza maisha, hakuna asiyeikumbuka, na waliokuwa ndani ya basi wanajulikana kuwa abiria wa basi. Lakini majeruhi wengi hawaji kwa mkupuo namna ile. Huja mmoja mmoja, saa nne za usiku, wameletwa na msamaria. Hao ndio wanaopotea ndani ya V89.2. Binti aliyepakiwa kwenye bodaboda bila kofia ngumu akafa kwa kuumia kichwa, tukimwandika hivyo, atatumiwa vipi na yeyote anayetaka kudai kofia ya pili kwa ajili ya abiria?

Najua mapokezi usiku yanavyokuwa. Damu kwanza, hewa kwanza, sibishani na hilo. Ninachoomba ni maswali matatu, yaulizwe hata kesho yake wakati wa kuzungukia wodi, au aulizwe ndugu aliyemleta: ulipanda nini, ulikuwa umekaa wapi, mligongana na nini? Jibu linatosha mstari mmoja: "Abiria wa bajaji, kiti cha nyuma, wamegongwa na lori." Wapo wanaosema maelezo hayo yamo kwenye PF3, ile fomu ya polisi ya majeruhi. PF3 inarudi polisi, na katika mafaili ninayoyapitia ni nadra kukuta nakala.

Na waandishi wako, mhariri, wanapoandika kwamba watu kadhaa wamejeruhiwa Kitonga au Igurusi, waseme ni wangapi walikuwa abiria na walikuwa kwenye chombo gani. Mara mbili ndugu wa majeruhi wameniletea kipande cha gazeti wakidhani kitasaidia, na hakikusema.

Mama yule bado anakuja. Wiki iliyopita alikuja na gongo moja, lile la pili ameshaliacha nyumbani. Akaniomba niongeze neno bajaji kwenye faili lake. Sina ruhusa ya kuongeza neno kwenye maandishi ya daktari, na tabibu aliyempokea usiku ule alishahamishwa. Nimemwandikia kwenye karatasi jina la tabibu huyo na tarehe aliyompokea, akaikunja akaifunga kwenye pindo la khanga.

Mtunza kumbukumbu za afya,
Uyole, Mbeya