Dokumentari za bahari zipelekwe vibanda umiza

Mhariri, naomba kanafasi kwenye gazeti lako. Nina dukuduku la siku nyingi kuhusu hizi filamu za mazingira zinazopigwa huku kwetu Mtwara, mana kila zikikamilika zinaonyeshwa hotelini kwenye semina, watu wamekaa na maji ya chupa wanasubiri posho, na wavuvi wa Msimbati au Msanga Mkuu waliopigwa picha hata habari hawana.

Sasa mtu wa baruti, yule anayevua kwa kulipua samaki kwa bomu, ambaye ndo anatakiwa azione, utamkuta hotelini? Yuko kibanda umiza anaangalia mpira. Basi zipelekwe hukohuko, dakika kumi tu kabla ya Simba na Yanga, hakuna atakayetoka na kiingilio keshalipa. Na ziongee Kiswahili cha mdomoni, au hata Kimakonde, sio maandishi yanapita chini ya skrini mbiombio huku mzungu anaongea, nani ayasome.

Mi ningeanza na samaki mwenyewe. Mama zetu wakaanga samaki wanamjua samaki wa bomu, kwa nje mzima kabisa, ukimpasua mbavu zimeachana na uti wa mgongo, damu imevilia tumboni, ukimtia kwenye mafuta anavunjikavunjika. Kamera isogee hapo karibu kabisa, halafu ndo izame ionyeshe mwamba uliobaki vifusi, mana wengi wetu tumekulia pwani ila chini hatujawahi kuona, labda mzamia pweza. Bomu moja linaua wakubwa kwa vitoto, wengine wanazama hakuna anayewaokota, na matumbawe yakishavunjika yanachukua miaka na miaka kurudi. Sikatai, msako wa serikali umepunguza milipuko, sheria ya uvuvi ya 2003 ipo na Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma ipo tangu 2000, lakini mtu anayeogopa doria tu, doria ikilala na yeye anaamka.

Ila wapiga filamu nao wawe na adabu jamani. Si mnaikumbuka ile filamu ya mapanki ya Mwanza, yale mabaki ya sangara yakishatolewa minofu, Darwin's Nightmare ya 2004? Ilizunguka Ulaya mpaka ikateuliwa kuwania Oscar, huku kwetu wengi tukaja kuisikia 2006 Rais Kikwete alipoikemea. Wakubwa wakabishana weee, na wengi wetu tuliokuwa tunaibishania hata hatujaiona.

Kwahiyo kabla haijaenda hotelini wala Ulaya, ionyeshwe kwanza kijiji ilikopigwa. Wasiseme hela hakuna, kibanda kina skrini tayari, na chai ya semina moja inatosha kununua mafuta ya jenereta mwezi mzima. Watu wabishe hapohapo, na wakisema hapa mmetusingizia, kipande hicho kikatwe.

Msomaji wako,
Shangani, Mtwara