Majina ya wachezaji wa mikoani yaandikwe kabla hayajapotea

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wa barua nieleze habari za Welday Walker, mchezaji mweusi wa besiboli wa Marekani, kwa sababu zinagusa jambo ambalo sisi wa Mtwara tunazidai kurasa zako za michezo.

Welday alizaliwa Steubenville, Ohio, mwaka 1860. Mwaka 1884 yeye na kaka yake, Moses Fleetwood Walker, waliichezea Toledo Blue Stockings katika American Association, mojawapo ya ligi kubwa za kulipwa za wakati ule. Kaka yake alikuwa mdakaji, yule anayekaa nyuma ya mpigaji kudaka mipira, akacheza mechi 42. Welday alipangwa nje, miongoni mwa wale watatu wanaosimama mbali kabisa kuingoja mipira mirefu, na mechi zake zilikuwa 5 tu, za Julai na Agosti. Katika zamu 18 za kupiga alifanikiwa mara 4, na hakurudi tena katika ligi kubwa. Baada ya ndugu hao wawili, mlango ulifungwa kwa wachezaji weusi hadi tarehe 15 Aprili 1947, Jackie Robinson, naye mweusi, alipoingia uwanjani na timu ya ligi kubwa ya Brooklyn Dodgers.

Machi 1888, ligi moja ya Ohio na majimbo jirani ilipofuta ruhusa ya kusajili watu weusi, Welday alimwandikia rais wa ligi hiyo barua ya wazi, na gazeti la Sporting Life la Philadelphia likaichapisha. Alidai kwamba kama mchezaji anazuiwa, basi iwe kwa upungufu wa uwezo, wa tabia au wa akili, wala si kwa rangi yake. Kwangu mimi barua hiyo inazidi uzito wa mechi zote 5, na tunayo leo kwa sababu mhariri mmoja aliipa nafasi.

Mjomba wangu, aliyenilea hapa Mikindani, alicheza winga ya kushoto katika timu ya mkoa miaka ya sabini, hadi goti lilipomwacha. Nilipotafuta kumbukumbu za mechi zake baada ya mazishi, niliambiwa kwamba madaftari ya timu yalikwisha kuliwa na mchwa. Mchezaji wa mechi 5 za mwaka 1884 anajulikana hadi idadi ya zamu zake, na mjomba, ambaye watu wa mtaani bado wanasimulia krosi zake, hana hata mstari mmoja.

Kwa hiyo naomba gazeti lako lichapishe vikosi kamili vya mechi za ligi za mikoa ya Mtwara na Lindi, pamoja na wachezaji wa akiba, badala ya matokeo peke yake. Naomba pia mwandishi atumwe huku mapema. Wazee waliocheza miaka ile bado wapo Mikindani, Masasi na Newala, na wanaweza kutaja vikosi vyao jina kwa jina.

Msomaji wako,
Mikindani, Mtwara