Fainali ya wanawake ipewe dakika zake 90

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako ili niwafikishie waandaaji wa mashindano ya soka hapa Mtwara ombi moja: fainali ya kombe la wanawake ichezwe dakika 90 kamili, tena katika siku yake yenyewe.

Mimi ni mzazi wa beki wa kushoto wa mojawapo ya timu mbili zilizofika fainali msimu huu wa korosho. Mechi ilipangwa saa nane mchana, jua la utosi, iwe utangulizi wa fainali ya wanaume. Wasichana hawakupewa chumba cha kubadilishia nguo, kwa hiyo kina mama tulizungusha kanga chini ya mwembe nao wakavalia jezi humo. Hilo tulilivumilia. Lililotuuma ni tangazo lililotolewa wachezaji wakiwa wamekwisha kujipanga, kwamba kila kipindi kingekuwa cha dakika 30 kwa kuwa mgeni rasmi alikuwa njiani na uwanja ulihitajika mapema.

Dakika 60 zikaisha kwa sare ya 1-1, timu yetu ikiwa ndiyo kwanza imesawazisha, tukapelekwa kwenye penalti. Kipa wetu alikuwa amevaa glavu za kuazima, na kabla ya mkwaju wa kwanza mwenye glavu, kipa wa timu mojawapo ya wanaume, akaja kuzichukua ili akapashe misuli. Simlaumu kijana yule, kwani naye alikuwa na fainali yake. Binti yetu wa miaka 16 akajipangusa viganja kwenye bukta, akasimama golini mikono mitupu. Mkwaju wa tatu aliugusa, ukamponyoka vidoleni. Tulifungwa kwa penalti 4-3.

Wapinzani wetu nawapongeza. Ninachodai ni zile dakika 30. Waliofuatilia fainali ya Afrika ya wanawake mjini Rabat, Julai 26, 2025, watakumbuka kwamba hadi dakika ya 60 Morocco walikuwa wakiongoza kwa mabao 2-0. Baada ya hapo Nigeria walifunga mara tatu, la ushindi likiwa la Jennifer Echegini katika dakika ya 88, wakatwaa kombe hilo kwa mara ya 10. Fainali ile ingechezwa kwa utaratibu wa kwetu, kombe lingebaki Morocco. Twiga Stars, timu ya taifa ya wanawake ya Tanzania, nao walikuwamo katika mashindano hayo, wakatoka sare ya 1-1 na Afrika Kusini, mabingwa watetezi. Na wachezaji wa kiwango hicho hatutawapata kwa kuwazoesha mabinti mechi za saa moja, maana pumzi na utulivu wa robo saa ya mwisho hupatikana kwa kuicheza robo saa hiyo.

Wapo wanaosema kwamba fainali ya wanawake ikiwa peke yake haitapata watazamaji. Siku ile watu walikuwa wamezunguka uwanja tangu saa saba na nusu, wakiwamo waliotoka Msimbati, na wengi walikuja kwa ajili ya mabinti zao.

Tunaomba Jumamosi, saa kumi jioni, na ikiwezekana katika Uwanja wa Nangwanda Sijaona. Glavu za makipa wa timu zote mbili, wazazi tumekwisha kukubaliana kuzichangia.

Mzazi wa mchezaji,
Mtwara