Barua ya wazi kwa Waziri wa Viwanda na Biashara: korosho isiondoke na ganda lake

Mheshimiwa Waziri,

Salamu kutoka Newala. Nakuandikia kuhusu korosho, na zaidi kuhusu ajira tunazozipakia melini kila msimu pamoja na magunia.

Minada ikifunguliwa Oktoba, huku Kusini kunachangamka. Madeni ya dukani yanalipwa, mabati yananunuliwa, ada zinapatikana. Oktoba 2024 mnada wa kwanza ulivuka shilingi 4,000 kwa kilo, na bei hiyo ilitokana na ushindani wa wanunuzi wanaopeleka mzigo nje, hasa Vietnam na India. Kwa hiyo sikuombi ufunge bandari ya Mtwara. Mkulima anayenunuliwa na watu wengi ana nafuu kuliko mkulima wa kangomba, anayeuza korosho zikiwa bado mtini kwa sababu nyumbani hakuna chakula.

Lakini ifikapo Machi hela imekwisha, na vijana wanapanda basi kwenda Dar es Salaam. Mti umefanya kazi yake. Kazi iliyobaki, ile ya kubangua, yaani kupasua ganda na kutoa kiini, imekwenda kufanywa na watu wengine.

Kilo 100 za korosho ghafi hutoa kilo 20 hadi 25 za kiini. Kinachobaki karibu chote ni ganda, nalo tunalivusha bahari. Vietnam, ambayo mashamba yake hayatoshi kulisha viwanda vyake, inanunua korosho ghafi Afrika na Kambodia, na mwaka 2024 iliuza nje korosho za zaidi ya dola bilioni 4. Mafundi wao waliunda mashine zao wenyewe za bei nafuu. Hilo nasi tunaliweza.

Ukifika kwetu, omba uwaone akina mama wanaobangua majumbani. Ganda la korosho lina mafuta yanayounguza ngozi, kwa hiyo mama anapaka majivu mikononi kabla ya kuanza. Anapasua ganda taratibu, maana kiini kikivunjika bei inashuka hapo hapo. Kisha anakausha, anamenya ile ngozi nyembamba, anachambua nzima kwa nzima na vipande kwa vipande. Ukitazama vidole vyake utaona weusi usiotoka kwa sabuni. Ujuzi upo, Mheshimiwa. Glovu hana, mtaji hana, na mteja wake ni abiria wa basi.

Viwanda tuliwahi kuwa navyo. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 vilikuwa 12, vilivyojengwa kwa mikopo, vyenye mitambo ya Italia na Japani. Vilikuja korosho zenyewe zikiwa zinatoweka: kutoka tani zaidi ya 140,000 msimu wa 1973/74 hadi chini ya tani 20,000 msimu wa 1986/87. Watu walikuwa wamehamishiwa kwenye vijiji vipya na kuiacha mikorosho mbali, ugonjwa wa ubwiriunga ukaishambulia, na bei haikumpa mtu moyo wa kupalilia. Viwanda vikabinafsishwa, na vingi vikaishia kuwa maghala.

Majirani zetu wa ng'ambo ya Ruvuma waliumia kwa njia nyingine. Katika miaka ya 1990 Benki ya Dunia iliibana Msumbiji ipunguze ushuru wa korosho ghafi zinazouzwa nje, kwa hoja kwamba mkulima atapata bei nzuri. Viwanda vikafungwa na maelfu ya wafanyakazi wakarudi nyumbani. Wachumi waliokuja kupiga hesabu baadaye walikuta kaya ya kawaida ya mkulima wa korosho iliongeza dola 5.30 kwa mwaka. Kwa mwaka mzima! Mwaka 1999 Bunge la Msumbiji likaupandisha ushuru tena, hadi kati ya asilimia 18 na 22.

Kinachomkwamisha mbanguaji wa hapa ni fedha. Lazima anunue malighafi ya mwaka mzima ndani ya miezi michache ya mnada, kwa mkopo wenye riba ya benki zetu, akishindana na mnunuzi aliyekopa kwa riba ndogo ughaibuni. Hata awe hodari vipi, anashindwa kabla mashine haijawashwa.

Nakuomba ukae na wenzako wa Kilimo na Fedha. Sehemu ya ushuru tunaotoza korosho ghafi zinazotoka iwe mfuko wa mikopo ya riba nafuu kwa wabanguaji wa ndani, na vikundi vya akina mama viwemo. Wanunue kwa bei ile ile ya mnada. Nafuu itoke kwenye riba, isitoke mfukoni mwa mkulima. Pia utuwekee hadharani orodha ya vile viwanda 12: nani anacho, alikubali masharti gani aliponunua, na leo ndani yake kuna nini. Asiyebangua arudishe.

Tunaomba majibu kabla ya mnada wa kwanza wa msimu ujao.

Wako katika ujenzi wa taifa,
Mtoto wa mkulima wa korosho, Newala