Kaka, nilimalizia tu

Kaka,

Juzi nimeiangalia tena Amadeus, ule mkanda wa Mozart ambao Baba alitukalisha nao kila umeme ukirudi. Unakumbuka alivyokuwa akigombana na televisheni? Salieri, mtunzi mwenzake Mozart, akishika kalamu kitandani kwa mgonjwa, Baba anafoka: "Mwongo! Hakuwepo huyo!" Na kweli hakuwepo, ni chumvi ya sinema. Mozart alifia Vienna tarehe 5 Desemba 1791, ana miaka 35, Misa ya Wafu haijaisha. Lacrimosa, sehemu mojawapo ya misa hiyo, ilikomea vipimo vinane vya muziki. Sehemu ya malipo ilishaliwa, mjane angefanyaje? Süssmayr, kijana aliyekuwa msaidizi wake wa muziki, akaimalizia.

Sasa tuje kwetu.

Kauntabuku yenye wimbo wa mwisho wa Baba niliikuta chini ya mto wa kitanda chake. Sauti ya kwanza imekamilika, besi ipo, katikati peupe. Mahali mkono ulipomchoka, nota ya "s" imeteleza mpaka ukingoni mwa karatasi. Basi lako liliharibika njiani, kwa hilo sijawahi kukulaumu. Lakini maziko yake yalikuwa kesho yake saa nane, na kwaya ilikuwa inasubiri. Nilikesha na tochi ya simu nikajaza ya pili na ya tatu.

Ukafika, hata begi hujatua, ukapita mbele ya jeneza ukainua mkono. Kwaya ikakatika katikati ya ubeti wa pili. "Huu si wimbo wa Baba." Kina mama wa sauti ya kwanza wakabaki midomo wazi. Mama akashika ncha ya khanga, akaikunja, akaikunjua. Mbele ya watu, kaka! Hata kama.

Nikushauri, ingawa ni mdogo wako: msibani hakukaguliwi nota. Jina langu niliandika chini kabisa, kwa penseli, la kufutika. Süssmayr aliiga mpaka saini ya Mozart, akaweka na mwaka 1792, Mozart mwenyewe yuko kaburini. Kabaila Walsegg, aliyeiagiza, akainakili kwa mkono wake ili ionekane kaitunga yeye. Mimi nimeiba nini? Mwandiko wa Baba ningeweza kuuiga, wote wawili alitufundisha yeye. Sikuuiga.

Sawa, ningekupigia kwanza. Hilo nakupa.

Ubeti wa tatu haujaimbwa mpaka leo. Kauntabuku iko kwa Mama, kabatini. Uifungue mwenyewe uone sauti ya tatu inavyopanda pale mwishoni. Pale kwaya nzima hakuna anayepafika. Niliandika nikijua utakuwepo.